Kupanua Kwanza au Kuboresha Kwanza? Sera za Elimu na Maendeleo ya Nchi za Afrika

Mwezi Mei 1961 wajumbe wa nchi za Afrika, nyingi zikiwa ndiyo kwanza zimepata uhuru, walikutana Addis Ababa na kukubaliana kwamba ifikapo mwaka 1980 kila mtoto wa bara hili awe anapata elimu ya msingi bila malipo. Mwaka 1980 ulifika lengo likiwa bado mbali. Mwaka 2022 UNESCO ilikadiria kwamba watoto na vijana wapatao milioni 98 katika nchi zilizo kusini mwa Sahara hawamo shuleni, na Benki ya Dunia nayo ikakadiria kwamba karibu watoto tisa kati ya kumi wenye umri wa miaka kumi katika eneo hilo hawawezi kusoma na kuelewa kifungu chepesi. Mjadala wa sera za elimu barani umejengwa juu ya takwimu hizi mbili, kwa kuwa ya kwanza inawasukuma watu kudai shule zaidi na ya pili inawasukuma kuuliza shule zilizopo zinafundisha nini.

Kwa hiyo wapo wanaoamini kuwa serikali zetu zilikosea kukimbilia idadi, kwamba zilijaza madarasa kabla ya kuandaa walimu na matokeo yake ni vyeti visivyo na ujuzi. Wapo pia wanaoamini kuwa kusubiri ubora ni namna ya kistaarabu ya kuwafungia maskini nje. Nimezifuatilia hoja za pande zote mbili kwa muda mrefu, na ninaona kwamba waliofungua milango walikuwa na haki ya kufanya hivyo. Kosa lao lilikuwa kwamba hawakuandaa mapema watakaofundisha, na mara nyingi hawakuuliza uchumi utampokea vipi mhitimu.

Hoja ya upanuzi haieleweki bila kukumbuka hali iliyokuwepo wakati wa uhuru. Kongo iliyokuwa koloni la Ubelgiji iliingia uhuru mwaka 1960 ikiwa na wahitimu wa chuo kikuu wasiozidi 30 miongoni mwa wananchi wake, na Zambia mwaka 1964 ilikuwa na takriban 100. Elimu ya kikoloni ilikuwa ya kuchuja: iliwahitaji makarani, wakalimani na mafundi wachache, na Tanganyika iliwagawa watoto katika mifumo tofauti kwa rangi zao. Nchi ya namna hiyo haikuweza kuendesha hospitali, mahakama, reli wala wizara bila kuazima watu kutoka nje. Serikali mpya hazikuwa na anasa ya kuchagua kati ya wingi na ubora, kwa sababu karibu kila nafasi iliyohitaji kisomo ilikuwa wazi au ilishikwa na mgeni.

Tanzania ndiyo mfano ulio wazi zaidi wa nchi iliyouchukua upanuzi kama msingi wa kujenga taifa. Mwaka 1967 Mwalimu Nyerere alitoa waraka wa Elimu ya Kujitegemea, akitaka shule imwandae mtoto kuishi na kuzalisha katika jamii yake badala ya kuwa ngazi ya kuikimbilia ajira ya ofisini. Mwaka 1970 ukatangazwa kuwa mwaka wa elimu ya watu wazima, na madarasa ya kisomo yakafunguliwa chini ya miti, kwenye maghala na majumbani. Mwaka 1973 kampeni ya Mtu ni Afya iliwakusanya watu wapatao milioni mbili katika vikundi vya kusikiliza redio, kusoma vijitabu na kisha kuchimba vyoo, kusafisha visima na kufyeka mazalia ya mbu. Mwaka 1974 Azimio la Musoma likaagiza kwamba lengo la elimu ya msingi kwa wote, lililokuwa limepangwa kufikiwa 1989, litimizwe 1977. Katika sensa ya 1967 takriban theluthi mbili ya watu wazima hawakujua kusoma. Kufikia 1986 takwimu za serikali zilionyesha waliobaki katika hali hiyo ni takriban mmoja kati ya kumi.

Sidharau mafanikio hayo hata kidogo. Mtu anayeweza kusoma maelekezo ya dawa, anayeweza kuhakiki uzito wa pamba yake kwenye mizani ya ushirika, na anayetia saini badala ya dole gumba, ana nguvu ambayo haionekani katika hesabu za pato la taifa. Kwa wanawake faida hiyo ni kubwa zaidi. Nigeria ilianzisha elimu ya msingi kwa wote mwaka 1976, na watafiti waliolinganisha wasichana walionufaika na mpango huo na wale waliowatangulia walibaini kwamba kila mwaka wa ziada wa shule ulipunguza idadi ya watoto waliozaliwa na wasichana hao kabla ya kufikia miaka 25. Uzazi unaochelewa una maana katika afya ya mama, katika lishe ya mtoto, na katika uwezo wa kaya kuwekeza kwa kila mtoto. Haya ni maendeleo kwa kipimo chochote, na yamepatikana katika shule ambazo wengi wangeziita duni.

Lakini gharama ilikuwepo, na ni wajibu kuitaja kwa uwazi. Ili kutimiza agizo la Musoma, Tanzania iliwachukua vijana waliomaliza darasa la saba, ikawafundisha kwa njia ya posta, redio na semina huku wakiwa tayari wanafundisha sehemu ya siku. Hao ndio walimu wa UPE, kifupi cha Kiingereza cha elimu ya msingi kwa wote, na jina hilo likageuka kuwa kejeli isiyowastahili, kwa kuwa wengi wao walifanya kazi kubwa kwa mshahara mdogo katika vijiji ambavyo hakuna mwingine aliyekubali kwenda. Hata hivyo ukweli unabaki kwamba mtu aliyesoma miaka saba alipewa kazi ya kumfundisha mwingine miaka saba. Uchumi ulipoyumba mwishoni mwa miaka ya 1970 na mwanzoni mwa 1980, vitabu vikakosekana, ada zikarudi, na uandikishaji ukaanza kushuka.

Malawi ilipofuta ada za shule za msingi mwaka 1994, wanafunzi walipanda kutoka takriban milioni 1.9 hadi karibu milioni tatu, na serikali ikaajiri walimu wapatao 20,000 ambao hawakuwa na mafunzo. Uganda ilifanya hivyo mwaka 1997, na katika mwaka mmoja idadi ya wanafunzi ikapanda kutoka takriban milioni tatu hadi zaidi ya milioni tano. Kenya ikafuata Januari 2003. Tanzania nayo, kwa Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi, yaani MMEM, ilitoka wanafunzi milioni 4.4 mwaka 2000 hadi milioni 8.3 mwaka 2007, kisha ikajenga shule za kata kwa kasi ambayo uandaaji wa walimu haukuweza kuifikia. Vijana waliotoka kidato cha sita walipewa mafunzo ya wiki chache na kupelekwa madarasani, na wananchi wakawaita walimu wa vodafasta. Kisha yakaja matokeo ya kidato cha nne ya mwaka 2012, yaliyotangazwa Februari 2013, ambapo takriban asilimia 60 ya watahiniwa walipata daraja sifuri. Serikali iliunda tume na matokeo yakapangwa upya kwa viwango vingine, lakini wazazi walikuwa wameshaona walichokiona. Ethiopia ilifikia mahali hapo miaka kumi baadaye: mtihani wa taifa wa darasa la 12 wa mwaka 2022, uliofanyika katika majengo ya vyuo vikuu ili kuzuia udanganyifu, uliwapitisha asilimia 3.3 tu ya watahiniwa kwa alama ya nusu au zaidi.

Wanaotetea ubora kwanza wana hoja ya kiuchumi pia. Mchumi Lant Pritchett alionyesha mwaka 2001 kwamba nchi nyingi zinazoendelea ziliongeza sana miaka ya shule ya nguvu kazi yao bila ukuaji wa uchumi kuongezeka kwa kiasi kilichotarajiwa, na wengine baada yake wakaonyesha kwamba kinachoendana na ukuaji ni kile watu wanachokijua kuliko miaka waliyokaa darasani. Hoja hii ina uzito. Mzazi anayemtoa mtoto shambani kwa miaka saba na kumpokea akiwa hajui kusoma amedhulumiwa, na taifa limetumia fedha ambazo halikuwa nazo.

Hata hivyo wakosoaji wa upanuzi hulinganisha vitu visivyolingana. Shule ya miaka ya 1960 inayosifiwa kwa ubora ilikuwa imewachuja wanafunzi wake kabla hawajaingia, na wengi wao walitoka kwenye kaya zenye uwezo, misheni au utawala. Mlango unapofunguliwa kwa mtoto wa kwanza kusoma katika ukoo wake, anayetembea kilomita nyingi kwa njaa na asiye na kitabu nyumbani, wastani wa alama hushuka hata kama hakuna mwalimu aliyepunguza juhudi. Isitoshe, kila anayesema tungesubiri hadi walimu watoshe anapaswa kusema ni watoto wa nani wangesubiri. Kwa hakika wasingekuwa watoto wa mawaziri. Hoja ya kusubiri pia haina historia ya kujivunia, maana mkoloni alisubiri miongo kadhaa na ubora haukuwafikia wengi.

Kuna sababu nyingine ya uhaba wa walimu ambayo pande zote mbili huipita haraka mno, na kwangu ndiyo kiini cha suala. Katika miaka ya 1980 na 1990, nchi zilizokuwa chini ya masharti ya marekebisho ya uchumi zilishauriwa na Benki ya Dunia kwamba fedha ya umma ina faida kubwa zaidi ikiwekwa katika elimu ya msingi kuliko chuo kikuu. Ukokotozi huo ulipima mshahara wa mhitimu dhidi ya gharama ya kumsomesha. Haukupima ukweli kwamba mwalimu wa hisabati wa sekondari hutoka chuo kikuu, na kwamba mkufunzi anayemwandaa mwalimu wa shule ya msingi hutoka huko pia. Vyuo vikuu vikanyauka, maprofesa wakahamia nje au kwenye kazi za ushauri, maabara zikakosa vifaa. Miaka 15 hadi 20 baadaye, sekondari zilipopanuliwa Tanzania kuanzia 2004, Uganda kuanzia 2007 na Kenya kuanzia 2008, walimu wa sayansi na hisabati hawakuwepo, na haikuwezekana kuwapata kwa agizo. Kidato cha nne kilichoanguka mwaka 2012 kilikuwa kinalipa, kwa sehemu, deni la uamuzi uliofanywa kabla watahiniwa hawajazaliwa. Benki yenyewe baadaye ililegeza msimamo wake kuhusu elimu ya juu, lakini kizazi kilikuwa kimeshapita.

Hapa ndipo sera ya elimu inapotofautiana na sera ya barabara au umeme. Rais anaweza kufuta ada Januari na kuhesabiwa sifa Februari, kwa sababu foleni za uandikishaji huonekana kwenye televisheni. Akiongeza mwaka mmoja katika mafunzo ya ualimu, matunda yataonekana baada ya mihula miwili ya uongozi, na sifa itamwendea mwingine. Kwa sababu hiyo sera za kupanua hupata watetezi kwa urahisi, na sera za kuandaa walimu huahirishwa. Sioni kwamba ni ubaya wa viongozi fulani; ni namna muda wa siasa usivyolingana na muda wa kumlea mtoto.

Hali inakuwa mbaya zaidi pale wenye kipato wanapoondoa watoto wao katika shule za umma. Shule za mchepuo wa Kiingereza zimeenea katika miji ya Afrika Mashariki, na siwalaumu wazazi wanaozikimbilia, kwani kila mzazi hutafuta lililo bora kwa mwanawe. Lakini mzazi mwenye sauti anapoondoka, shule ya umma inapoteza mtu ambaye angeandika barua, angeuliza kwenye kikao cha kamati, angempigia simu ofisa elimu. Wanaobaki ni wazazi wasiosikilizwa, na wanaopanga sera hawaionji ladha ya sera yao. Nchi ikifika hapo, elimu iliyokusudiwa kuunganisha tabaka inaanza kuyatenganisha upya, safari hii kwa ada badala ya rangi.

Lugha ya kufundishia inaongeza pengo hilo. Tanzania inafundisha kwa Kiswahili katika shule za msingi za umma na kwa Kiingereza kuanzia sekondari, na Tume ya Makweta, iliyoundwa na rais kuuchunguza mfumo wa elimu, ilipopendekeza mwaka 1982 Kiswahili kiendelee hadi juu, pendekezo halikutekelezwa. Huko Ile-Ife, Nigeria, mradi ulioanza 1970 uliwafundisha watoto kwa Kiyoruba katika miaka yote sita ya msingi, na walifanya vizuri katika masomo, Kiingereza kikiwemo. Wanaotetea Kiingereza wana hofu ya kweli kuhusu ajira na vitabu vya kitaaluma, lakini hofu hiyo inajibiwa kwa kukifundisha Kiingereza vizuri kama somo. Kukifanya kiwe njia ya kufikishia fizikia kwa mtoto asiyekielewa hakumpi Kiingereza wala fizikia.

Hata tukijaalia kwamba walimu wametosha na lugha imetatuliwa, bado kuna swali la mhitimu anakwenda wapi. Zimbabwe baada ya 1980 iliongeza wanafunzi wa sekondari kutoka takriban 66,000 hadi zaidi ya nusu milioni kwa miaka michache, ikawa miongoni mwa nchi zenye kiwango cha juu kabisa cha kujua kusoma barani. Uchumi ulipoporomoka na mfumuko wa bei kufikia kilele mwaka 2008, walimu na wauguzi waliotokana na shule hizo walivuka mipaka kwenda Afrika Kusini, Botswana na Uingereza, na shule nyingi zikakaa bila masomo kwa sehemu kubwa ya mwaka. Elimu ya Zimbabwe haikuwa imeshindwa, maana ndiyo iliyowawezesha kuajiriwa kwingine. Kilichokosekana ni uchumi wa kuwabakiza. Mauritius ilipita njia nyingine: ilianzisha eneo la viwanda vya kuuza nje mwaka 1970 na kufanya sekondari kuwa bila ada mwaka 1977, hivyo shule na viwanda vikakua pamoja. Botswana ilianza na almasi na utawala wenye nidhamu, kisha ikalipia elimu kwa mapato hayo, na bado inahangaika na ukosefu wa ajira kwa vijana wake waliosoma.

Mifano hii inanifanya niwe mwangalifu na wimbi la sasa la elimu ya amali, yaani ya ufundi na stadi za kazi, na umahiri, ingawa nalipenda lengo lake. Shamba la shule la Elimu ya Kujitegemea lilikuwa na shabaha hiyo. Mfumo wa 8-4-4 ulioanza Kenya mwaka 1985, wa miaka minane ya msingi, minne ya sekondari na minne ya chuo kikuu, ulikuwa na useremala, kilimo na sayansi kimu, wazazi wakachangishwa kujenga karakana, na mengi yakapunguzwa baadaye. Mtafiti Philip Foster, aliyechunguza shule za Ghana, alieleza mwaka 1965 kwamba vijana huchagua masomo ya kitaaluma kwa akili timamu, kwa sababu soko la ajira linawalipa zaidi wa ofisini kuliko fundi. Maadamu tofauti hiyo ya malipo ipo, mtaala peke yake hautabadilisha matamanio ya mwanafunzi wala ya mzazi wake. Wanaomjibu Foster wana hoja kwamba fundi wa magari, umeme au mifumo ya kupoza hewa leo anapata kipato ambacho karani wa 1965 angekitamani; ni kweli, ila kwa fundi aliyejifunza kwa vifaa vya kweli, na vifaa hivyo ni ghali kuliko chaki.

Upanuzi na ubora vinaweza kwenda pamoja, na ushahidi upo. Programu ya Tusome nchini Kenya, iliyoanza kutekelezwa kitaifa mwaka 2015, ilimpatia kila mwanafunzi wa madarasa ya mwanzo kitabu chake, ikampa mwalimu mwongozo wa kila somo na ofisa wa kumtembelea darasani, na uwezo wa watoto kusoma Kiswahili na Kiingereza ukapanda katika shule za kawaida za umma, bila kumfukuza yeyote. Tanzania mwaka huohuo iliubadilisha mtaala wa darasa la kwanza na la pili ili muda mwingi utumike katika kusoma, kuandika na kuhesabu. Hatua hizi hazina mvuto wa uzinduzi wa jengo, lakini zinagusa mahali ambapo upotevu huanzia, kwani mtoto asiyesoma kufikia darasa la tatu hukaa miaka inayofuata akinakili ubaoni maneno asiyoyaelewa.

Toleo la 2023 la Sera ya Elimu na Mafunzo ya Tanzania linaweka elimu ya lazima kuwa miaka kumi, sita ya msingi na minne ya sekondari, pamoja na mkondo wa amali. Naunga mkono kwamba mtoto wa miaka 13 asirudishwe nyumbani kwa kushindwa mtihani mmoja. Lakini hesabu ya kufanya ni rahisi kuitaja na ngumu kuitimiza: ni walimu wangapi wa fizikia, hisabati, umeme na ushonaji watahitajika wanafunzi hao watakapofika sekondari, wangapi kati yao wamo vyuoni sasa, na bajeti ya mwaka gani itawaajiri. Maazimio ya kimataifa ya elimu yanazihimiza serikali zitenge asilimia 15 hadi 20 ya matumizi ya umma kwa elimu. Wabunge wanapojadili kiasi hicho kila mwezi Juni, wangefaa kudai jedwali la ajira za walimu kwa miaka kumi ijayo liwekwe mezani kabla ya jedwali la madarasa.